Chavua na Reli: Historia ya Nafaka za Haut-Lomami

Ulezi hauhitaji jirani. Ua lake hujichavusha lenyewe, na kwa sababu hiyo mbegu aliyoitunza bibi humzalia mjukuu ulezi uleule. Mahindi ni kinyume. Mbelewele ziko juu kileleni, ndevu ziko katikati ya bua, na hapo kati upepo hupita ukiwa umebeba chavua za mashamba yote ya kando. Hakuna mtu kijijini awezaye kusema kwamba mbegu yake ya mahindi ni yake peke yake. Nusu ya damu ya kila punje imetoka asikokujua.

Tofauti hii ndogo ya maua inaeleza mambo mengi kuliko tunavyodhani. Historia ya chakula cha nchi hii ya Kamina, Katoto, Bukama na Kaniama husimuliwa kwa majina ya wafalme, makampuni na magavana. Nami nitawataja, maana hawakwepeki. Lakini swali ninalolifuatilia ni la chini zaidi: katika kila zama, nani aliishika mbegu, na mmea wenyewe ulimruhusu kuishika kwa kiasi gani?

Nyasi kabla ya watu

Mtama, ulezi, mahindi, mpunga, ngano na muwa ni ndugu wa nyasi tunazoezekea nyumba. Ukoo huo ni wa kale. Huko India, chembe za nyasi zimekutwa ndani ya mavi ya dinosaria yaliyogeuka mawe, yenye umri wa zaidi ya miaka milioni 65. Hata hivyo kwa muda mrefu nyasi zilikuwa wanyonge chini ya miti. Zilianza kutamba Afrika katika miaka milioni kumi hivi ya mwisho, mvua zilipopungua na misitu ikarudi nyuma.

Mambo mawili yalizipa nguvu. La kwanza, jani la nyasi hukua kutokea chini, si nchani. Mnyama akilila au moto ukilichoma, shina lililo karibu na udongo husukuma jani jingine. Yeyote aliyewahi kuona porini kwa Kamina mwezi wa tisa, majivu meusi yakitoboka majani mabichi hata kabla ya mvua ya kwanza, ameliona jambo hilo kwa macho yake. La pili halionekani: sehemu kubwa ya nyasi za nchi za joto zina njia ya pekee ya kunasa kaboni ya hewani, zikiifungia katika seli za ndani ya jani. Njia hiyo hupunguza maji yanayopotea juani. Mtama unayo, ulezi unayo, mahindi yanayo. Ngano na mpunga hazina. Kwa hiyo mahindi yalipofika katika joto letu hayakuwa mgeni kamili. Mwili wao ulikwisha kutengenezwa kwa jua la namna hii.

Jembe la mtama, hadi 1500

Nyasi ya porini hudondosha mbegu zake zikiiva. Ndiyo njia yake ya kuishi, na ndiyo hasara ya mvunaji. Watu wa kale hawakukaa wakatunga mpango. Walikata masuke, wakabeba nyumbani yale ambayo punje zake hazikudondoka njiani, na hizo hizo wakazipanda. Baada ya vizazi vingi, mmea usiodondosha ukawa ndio mmea wa shambani. Kwa mtama kazi hiyo ilianza mashariki ya Sudan, zaidi ya miaka 5,000 iliyopita. Mwaka 2012 wanasayansi walionyesha kwamba jeni moja, waliyoipa jina Sh1, ndiyo iliyoharibika katika mtama, na jeni ya ukoo uleule ikaharibika pia katika mpunga na mahindi. Wakulima wa mabara matatu, wasiojuana, waliugusa mlango mmoja.

Ulezi ulifugwa katika nyanda za juu kati ya Ethiopia na Uganda. Una kromosomu 36, kwa sababu ni chotara wa kale: nyasi mbili zenye kromosomu 18 kila moja ziliungana na kubaki na urithi wote. Mmoja wa wazazi hao, au ndugu yake wa karibu, bado anamea kando ya njia zetu kama magugu.

Nafaka hizo zilishuka kusini pamoja na chuma. Katika bonde la Upemba, ambako Lualaba inatawanyika kuwa maziwa na vinamasi, watu wameishi kwa mfululizo tangu karne ya 7 hivi. Jacques Nenquin alichimba Sanga, kando ya ziwa Kisale, mwaka 1957. Jean Hiernaux akaendelea, na kuanzia 1974 Pierre de Maret akapanga zama za bonde hilo kwa utaratibu unaotumika mpaka leo. Jina la Katoto liliingia katika elimu hiyo mwaka 1959, Hiernaux na wenzake walipochimba makaburi ya kale kando ya Lualaba, upande wa Bukama. Walikuta vyombo vya udongo vya ufundi mkubwa, shoka za heshima, shanga, na simbi zilizotoka bahari zote mbili, Hindi na Atlantiki.

Watu hao walikuwa wavuvi kwanza. Lakini makaburi ya Upemba yana majembe ya chuma pia, na ni ya karne ambazo mahindi yalikuwa bado ng'ambo ya bahari. Jembe aliloondoka nalo marehemu lilikuwa limelimia nafaka za Afrika. Samaki mkavu alipanda kutoka bondeni kwenda nyanda za juu, nafaka ikashuka, na juu ya mabadilishano ya namna hiyo ndipo ufalme wa Waluba ulipojengwa.

Ulezi ulikuwa na sifa moja ambayo mfalme yeyote angeipenda: hukaa ghalani miaka kadhaa bila kuliwa na fukusi. Na kwa kuwa hujichavusha, kila nyumba ilikuwa na mbegu yake, ya pombe au ya unga, inayowahi au inayochelewa. Mtama nao hujichavusha kwa sehemu kubwa. Mama aliyechagua masuke yake wakati wa mavuno alikuwa mzalishaji wa mbegu kwa maana kamili ya neno hilo. Hakuna aliyeweza kumwingilia, hata upepo.

Mgeni kutoka Mexico, 1500–1890

Mahindi yalifugwa kusini-magharibi ya Mexico, katika bonde la mto Balsas, miaka 9,000 hivi iliyopita. Mzazi wake ni teosinte, nyasi yenye matawi mengi na punje chache zilizofungwa katika maganda magumu kama jiwe. Mimea hiyo miwili inatofautiana kiasi kwamba wataalamu waligombana miaka mingi kama kweli ni mama na mwana. George Beadle alishikilia tangu 1939 kwamba jeni chache tu zingetosha kuigeuza teosinte kuwa hindi. John Doebley na wenzake baadaye wakazipata: moja hufunga matawi ili nguvu yote iende kwenye bua moja, nyingine huivua punje gamba lake.

Wareno walileta mbegu hiyo pwani ya Atlantiki katika karne ya 16. Kutoka ufalme wa Kongo iliingia bara pamoja na muhogo, ikifuata njia za biashara za Walunda. Hakuna mfalme aliyeamuru. Mahindi yalishinda kwa sababu za kawaida kabisa. Suke la mtama liko wazi, na kuanzia punje zinapojaa maziwa hadi siku ya mavuno watoto hushinda shambani wakifukuza ndege. Hindi limevikwa maganda. Mtama husubiriwa mpaka ukauke. Hindi huliwa bichi, la kuchoma, katika wiki zile za njaa ambapo ghala limekwisha na mavuno hayajafika. Muhogo nao ulikuwa na faida yake ya huzuni. Msafiri Mwingereza Verney Lovett Cameron alipofika Kilemba kwa mfalme Kasongo Kalombo mwaka 1874, nchi ya Waluba ilikuwa inaliwa na biashara ya watumwa kutoka pande zote, na upande wa kusini Msiri alikuwa amejijenga Bunkeya. Ghala la nafaka huchomwa kwa dakika chache. Muhogo ulio chini ya udongo humngoja mwenyewe arudi kutoka mafichoni.

Lakini pamoja na hindi iliingia tabia mpya. Mbegu iliacha kuwa siri ya nyumba. Mkulima alipanda nyeupe, jirani akapanda ya njano, na msimu huohuo gunzi la nyeupe likatoka na punje za njano. Ni kwa sababu sehemu ya unga ya punje nayo hupokea urithi wa baba, na rangi ya njano hushinda nyeupe. Mahindi ya karne hizo yalikuwa na punje nyeupe, nyekundu, za njano na za zambarau katika gunzi moja, na hakuna aliyeona kasoro. Kasoro ilikuja na reli.

Weupe wa bukari, 1906–1928

Kampuni ya migodi ya shaba, Union Minière du Haut-Katanga, iliundwa mwaka 1906. Reli kutoka Rhodesia ilifika Elisabethville, ambayo leo ni Lubumbashi, mwaka 1910, ikafika Bukama mwaka 1918. Mgodi ulihitaji maelfu ya watu walio mbali na mashamba yao, na kila mmoja alipewa poso: unga wa mahindi, uliopimwa kwa kilo. Kwa miaka mingi unga huo ulitoka kwa walowezi wa Rhodesia.

Hapa ndipo rangi ilipopata bei. Walowezi wa Afrika Kusini na Rhodesia walipanda mahindi meupe ya Kimarekani yenye punje kubwa, hasa Hickory King na ile waliyoiita Salisbury White. Shabaha yao ilikuwa soko la London, ambako viwanda vya wanga vilitaka punje nyeupe za aina moja. Gunia lenye mchanganyiko wa rangi lilishushwa daraja. Mahindi yaleyale yalipoletwa katika kambi za wachimba shaba, weupe uliotakiwa na mwenye kiwanda cha wanga Uingereza ukageuka kuwa alama ya chakula cha mjini. Leo mtu wa Lubumbashi atakuambia kwamba bukari, yaani ugali, ya njano ni ya kuku, au ya msaada, na ataapa kwamba babu zake walisema hivyohivyo. Babu wa babu yake alikula bukari ya mtama, nyekundu-kahawia.

Weupe una gharama. Rangi ya njano hutokana na viini ambavyo mwili huvitumia kutengeneza vitamini A. Punje nyeupe haina. Ndiyo maana Zambia, mwaka 2012, ilitoa mahindi ya rangi ya machungwa yenye viini hivyo kwa wingi, ikijaribu kurudisha kwa maabara kitu ambacho soko lilikwisha kukifukuza.

Mwaka 1928 kampuni ya BCK ilikamilisha reli ya zaidi ya kilomita 1,100 kutoka Bukama hadi Port-Francqui, ambayo leo ni Ilebo. Ilipita Kamina, ikapita Luputa na Mwene-Ditu. Kwa ghafla nyanda za Lomami na Kasai zilikuwa karibu na mgodi kuliko zilivyowahi kuwa, na treni ikaanza kukusanya mahindi yao kuyapeleka kusini. Tangu mwaka 1917 sheria ilikwisha kumruhusu mtawala kulazimisha kilimo: eneo hili pamba, eneo lile mahindi, hatua kadhaa kwa kila mwanamume, na faini au gereza kwa anayekaidi. Karatasi zilimtaja mwanamume. Jembe lilishikwa zaidi na mwanamke.

Mendel Yangambi, 1933–1960

Taasisi ya utafiti wa kilimo, INEAC, iliundwa mwishoni mwa 1933, na makao yake Kongo yakawa Yangambi, kando ya mto. Kwa nchi zetu kituo kilichohusika ni Gandajika, katika ukanda wa pamba, magharibi ya Lomami. Huko ndiko mbegu za pamba, karanga na mahindi za savana zilijaribiwa, zikachaguliwa na kugawiwa.

Ugunduzi mkubwa kabisa wa Yangambi haukuwa wa nafaka, lakini siwezi kuuruka. Mwaka 1941 Beirnaert na Vanderweyen walionyesha kwamba chikichi lenye ganda jembamba, lile lenye mafuta mengi, si kabila la pekee. Ni mtoto wa mchikichi wenye ganda nene na ule usio na ganda. Jeni moja tu, kwa hesabu ileile ambayo Mendel aliipata kwa njegere zake. Mashamba ya michikichi ya Malaysia na Indonesia yanapandwa mpaka leo kwa kanuni hiyo iliyogunduliwa Kongo.

Afrika Mashariki nako kulikuwa na kazi ya aina hiyo. H. H. Storey, katika kituo cha Amani, Tanganyika, alifuatilia ugonjwa wa milia wa mahindi, unaosambazwa na kidudu kirukaji kinachofyonza majani. Mwaka 1932 alithibitisha kwamba baadhi ya vidudu hivyo haviwezi kabisa kuusambaza, na kwamba uwezo huo hurithiwa kufuata jinsia. Kumbe hata maradhi ya shamba yalikuwa na ukoo wake.

Na halafu likaja somo ambalo halikutoka kituoni. Mwaka 1949 kutu ya Kimarekani, ugonjwa wa majani ya mahindi, ilionekana Sierra Leone. Mahindi ya Afrika yalikuwa yameachana nayo kwa karne nne na yalikwisha kusahau kujikinga. Mashamba ya Afrika Magharibi yaliungua, na kufikia 1952 ugonjwa ulikuwa umelivuka bara hadi pwani ya Kenya. Wataalamu walitafuta jeni za kinga Amerika ya Kati. Lakini wakati wao wakitafuta, mahindi ya wanavijiji yalianza kupona yenyewe. Mimea iliyodhoofika sana haikutoa punje. Iliyostahimili kidogo ilichavushana na mingine iliyostahimili kidogo, na baada ya misimu kumi na kitu kinga ndogondogo zilikuwa zimejikusanya. Kile kilichomnyima mkulima mbegu safi ndicho kilichomwokoa. Naona tukio hili linastahili ukurasa mzima katika vitabu vya shule, na silioni humo.

Mwaka 1960 na chotara

Mwaka 1960 kituo cha serikali cha Salisbury, Rhodesia, kilitoa SR-52, chotara wa mistari miwili tu ya mahindi, yote meupe. Siri ya chotara ilijulikana tangu George Shull wa Marekani alipoieleza mwaka 1908: lazimisha mahindi yajichavushe vizazi kadhaa mpaka yadhoofike na kufanana, kisha unganisha mistari miwili iliyo mbali, na mtoto atatoka na nguvu zisizo za baba wala za mama. Kenya ilifuata kwa njia yake Kitale, ambako kazi ya Michael Harrison ilileta H611 mwaka 1964.

Nguvu hiyo ina sharti. Ukipanda punje ulizovuna kutoka chotara, urithi unasambaratika na nusu ya faida inapotea papo hapo. Mkulima hurudi dukani kila mwaka. Kwa mara ya kwanza tangu siku za ulezi mbegu ilikuwa na mwenyewe, ila mwenyewe hakuwa mama wa shambani.

Kwetu mwaka huohuo haukuwa wa mbegu. Uhuru ulikuja tarehe 30 Juni, Katanga ikajitenga tarehe 11 Julai, na Waluba wa kaskazini waliokataa kujitenga wakapigwa vita. Kambi kubwa ya Kamina ilipita mikononi mwa Wabelgiji na kisha Umoja wa Mataifa. Watafiti wa INEAC waliondoka kwa wingi. Shamba la majaribio lisipopandwa misimu miwili au mitatu, mbegu za ghalani hufa na rekodi hubaki karatasi.

Serikali ya Zaire iliunda Programu ya Taifa ya Mahindi mwanzoni mwa miaka ya 1970, kwa msaada wa CIMMYT, kituo cha kimataifa cha mahindi na ngano chenye makao Mexico. Haikufuata njia ya Salisbury. Ilitoa mbegu za kuchavushwa wazi: Shaba 1, Kasaï 1, na Salongo 2, hii ya mwisho ikibeba jina la kazi za lazima za enzi ya Mobutu, jina ambalo mkulima hangelichagua. Uamuzi ulikuwa sahihi. Nchi isiyo na viwanda vya mbegu wala barabara ingefanya nini na chotara anayedai kununuliwa kila Septemba? Kasaï 1 iligawanywa, ikahifadhiwa, ikachanganyika na mahindi ya vijijini, na imeendelea kulimwa miaka mingi baada ya magari ya programu kuacha kutembea.

Treni ya Kaniama

Vita vya 1996 na 1998 vilikata reli na kuwatawanya watu. Mwaka 2015 Katanga iligawanywa, Haut-Lomami ikawa jimbo na Kamina makao yake makuu. Mwaka uliofuata Zambia ilizuia mahindi yake yasitoke, na bei ya unga Lubumbashi ikapanda mpaka watu wakarudi kuhesabu milo. Viwavijeshi vya Kimarekani, vilivyoonekana Nigeria mapema mwaka huohuo, vikaingia Kongo na kuanza kula mahindi kutokea moyoni mwa mmea. Mdudu huyo ametoka bara lilelile la mahindi. Alichelewa karne tano tu.

Serikali ilijibu kwa ardhi kubwa. Kaniama-Kasese, kaskazini-magharibi ya Kamina, ni shamba la Service National, chombo kilichoundwa mwaka 1997 na Laurent-Désiré Kabila. Katika miaka ya karibuni vijana wa magenge walioitwa kuluna wametolewa mitaa ya Kinshasa na kupelekwa huko kulima, na mahindi yao yamesafirishwa kwa reli ileile ya 1928 kwenda Kasai na Lubumbashi. Bado ni mahindi meupe, na bado yanakwenda kulisha tumbo lililo mbali.

Kituo cha Gandajika, sasa chini ya INERA, mrithi wa INEAC, kimetoa kitu cha aina nyingine: Mudishi 1 na Mudishi 3, mahindi yenye protini bora. Chanzo chake ni jeni iitwayo opaque-2, ambayo Edwin Mertz na wenzake wa Chuo Kikuu cha Purdue waliitambua mwaka 1963. Punje yenye jeni hiyo huwa na lisini nyingi, kiini ambacho mtoto anayelishwa bukari bila samaki wala maharage hukikosa. Punje za kwanza zilikuwa laini na kuozaoza. Surinder Vasal na Evangelina Villegas walitumia miaka Mexico kuzifanya ngumu tena, na mwaka 2000 wakapewa Tuzo ya Chakula ya Dunia.

Ila opaque-2 ni jeni inayoshindwa. Mama akipanda Mudishi hatua chache kutoka shamba la jirani lenye mahindi ya kawaida, chavua ya jirani hutua kwenye ndevu, na kila punje iliyochavushwa hivyo hupoteza ubora wake msimu huohuo. Na hapa hakuna punje ya njano ya kumtahadharisha. Mahindi yote mawili ni meupe.